Ansa Ikonen hakujaribu kuongoza filamu, aliongoza

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua niseme neno juu ya makala ya utamaduni uliyoichapa hivi karibuni kuhusu waigizaji wa kike wa Ufini waliohamia kwenye uongozaji na utayarishaji wa filamu. Makala yenyewe ilinifurahisha, kwa kuwa ni nadra kusoma kwa Kiswahili habari za sinema ya nchi ile, na mwandishi alionekana kuipenda mada yake. Hata hivyo kuna neno moja lililonikwama kooni. Alipofika kwa Ansa Ikonen, mwandishi alisema kwamba nyota huyo aliwahi kujaribu kuongoza filamu mwaka 1944, kisha akaendelea na mengine kama mtu aliyeruka kidimbwi cha maji. Neno hilo, kujaribu, ndilo lililonifanya nishike kalamu.

Filamu yenyewe ipo. Inaitwa Nainen on valttia, ilipigwa picha, ikahaririwa, ikaonyeshwa kwa watu waliolipa kiingilio, na mwongozaji wake ni Ansa Ikonen. Tukilileta jina hilo katika Kiswahili tutapata kitu kama Mwanamke ni turufu, yaani ile karata inayokula karata nyingine zote mezani, na sidhani kama mtu aliyechagua jina la namna hiyo katika mwaka wa vita alikuwa anabahatisha. Fundi akijenga nyumba moja tu maishani mwake, watu wakahamia, wakalala na kuamka humo, hakuna anayesema kwamba aliwahi kujaribu kujenga. Tunasema alijenga, kisha kama tuna udadisi tunauliza kwa nini hakujenga ya pili. Swali hilo la pili ndilo ambalo makala haikuliuliza, na kwa maoni yangu ndilo lenye utamu wote wa habari hii.

Kwa wasomaji ambao jina hilo ni geni kwao, Ikonen alizaliwa St Petersburg mwaka 1913, akakulia Ufini, na kufikia katikati ya miaka ya 1930 alikuwa mwigizaji wa Kansallisteatteri, jumba la taifa la maigizo mjini Helsinki. Mwaka 1935 alicheza na Tauno Palo katika filamu ya Kaikki rakastavat iliyoongozwa na Valentin Vaala, na tangu hapo watu wakawa hawawezi kumtaja mmoja bila mwingine. Kilele chao ni Kulkurin valssi ya mwaka 1941, hadithi ya bwana mkubwa anayejificha katika nguo za mzururaji, filamu ambayo Wafini wa vizazi vitatu wameiona na ambayo wimbo wake wanaweza kuuimba hata usingizini. Basi alipokalia kiti cha mwongozaji mwaka 1944, Ikonen alikuwa na miaka tisa ya kusimama mbele ya kamera, tena chini ya watu waliokuwa mafundi hasa wa kazi hiyo katika nchi yao.

Sasa tumtazame mtu mwingine. Edvin Laine naye alikuwa mwigizaji wa jukwaani. Naye alipewa filamu yake ya kwanza na kampuni ileile iliyotengeneza filamu ya Ikonen, Suomen Filmiteollisuus, mwaka 1943, yaani mwaka mmoja tu kabla ya Ikonen; iliitwa Yrjänän emännän synti. Hapa tunao waigizaji wawili, kampuni moja na vita vilevile. Laine aliendelea kuongoza hadi miaka ya 1980, filamu zaidi ya thelathini, na mojawapo, Tuntematon sotilas ya mwaka 1955, yaani Askari asiyejulikana, filamu ya vita, iliuza tiketi zaidi ya milioni 2 katika nchi iliyokuwa na watu milioni 4 na ushei. Kwa miaka mingi sasa televisheni imekuwa ikiionyesha kila Desemba 6, siku ya uhuru wa Ufini, na familia hukaa mbele yake kama watu walio ibadani. Hakuna mwandishi, wa Kifini wala wa Kiswahili, ambaye nimewahi kumsoma akisema kwamba mwaka 1943 Edvin Laine alijaribu kuongoza. Wote husema alianza.

Simlaumu Laine; alikuwa hodari na kazi zake zinajitetea. Ninachosema ni kwamba filamu ya kwanza ya mwanamume ilihesabiwa kuwa ngazi, na filamu ya kwanza ya mwanamke ikahesabiwa kuwa tukio. Ngazi huongoza kwenye ngazi nyingine, ilhali tukio likipita limepita.

Makala ilidokeza pia kwamba kumtoa mtu kwenye uigizaji na kumweka kwenye uongozaji ni jambo la siku hizi, na kwamba zamani kila mtu alibaki katika fani yake. Samahani, historia ya Ufini inasema kinyume kabisa. Filamu ya kwanza ya kubuni iliyotengenezwa nchini humo, Salaviinanpolttajat ya mwaka 1907, hadithi fupi ya watu wanaopika pombe haramu msituni, iliongozwa na Louis Sparre pamoja na Teuvo Puro, na Puro alikuwa mwigizaji. Kwa hiyo mwigizaji anayeongoza ana umri uleule wa sinema ya Kifini. T. J. Särkkä, aliyeitawala Suomen Filmiteollisuus na kuiongoza Kulkurin valssi yenyewe, hakutoka hata kwenye uigizaji. Alitoka kwenye kazi za benki. Åke Lindman alikuwa mchezaji wa mpira wa miguu, tena aliichezea timu ya taifa katika Olimpiki ya Helsinki ya mwaka 1952, kisha akawa mwigizaji, kisha mwongozaji wa filamu na wa televisheni, na ikaonekana ni maendeleo ya kawaida ya mtu mwenye vipaji vingi. Mtu wa benki na mwanasoka walipita mlango huo bila kuulizwa kitambulisho.

Mwanamke wa kwanza kuupita alikuwa Glory Leppänen, na ninashukuru kwamba makala ilimtaja, ingawa ilimtaja zaidi kama binti wa mama yake. Ni kweli mama yake alikuwa Aino Ackté, mwimbaji wa opera aliyeimba Paris na aliyewashangaza watu wa London mwaka 1910 alipoimba nafasi ya Salome. Lakini kama tutamleta mama, basi tumlete kikamilifu. Mwaka 1912 Ackté alianzisha tamasha la opera ndani ya ngome ya Olavinlinna kule Savonlinna, ngome ya mawe iliyojengwa katikati ya maji, na tamasha hilo lipo hadi leo. Glory, aliyezaliwa mwaka 1901, alikuwa bado mtoto mama yake alipokuwa akiwapanga waimbaji na wanamuziki ndani ya kuta zile. Msichana aliyelelewa namna hiyo hawezi kudhani kwamba kazi ya msanii wa kike inaishia pale anapoambiwa asimame.

Leppänen akawa mwigizaji, akawa mwongozaji wa michezo ya jukwaani na mkuu wa majumba ya maigizo, na mwaka 1936 akaongoza filamu ya Onnenpotku. Wafini husema onnenpotku kwa maana ya bahati inayokuangukia ghafla, lakini ukilivunja neno lenyewe vipande viwili unapata teke la bahati, na kila ninapolikumbuka najiuliza ni nani hasa aliyepigwa teke, kwa sababu Leppänen hakupata kuongoza filamu ndefu ya pili. Ufini ilikuwa imewapa wanawake haki ya kupiga kura na kugombea mwaka 1906, na mwaka 1907 wanawake 19 wakaingia bungeni. Kutoka kura ile hadi filamu ile ni miaka thelathini kamili. Mwanamke aliweza kutunga sheria ya nchi miongo mitatu kabla hajakabidhiwa kamera, na hilo huniambia kwamba kikwazo hakikuwa katika sheria wala katika akili za wanawake. Kilikuwa mezani kwa mtu mwenye mfuko wa fedha, na nitalirudia hilo baadaye.

Kabla ya hapo naomba niseme jambo nililoliona kwa macho yangu, kwa kuwa makala ilikuwa na sentensi nyingine iliyoniudhi, ile iliyodai kwamba mwigizaji huyajua maneno yake tu na mwongozaji ndiye anayeijua filamu nzima. Niliigiza jukwaani kwa miaka kadhaa na baadaye nikapata nafasi ndogondogo katika filamu. Asiyewahi kufika kwenye seti hufikiri kwamba mwigizaji anakuja, anasema maneno yake, anaondoka. Ukweli ni kwamba anakaa. Anakaa saa tatu akingoja taa ihamishwe hatua mbili, na katika kungoja huko, kama ana macho, anaona kila kitu: kwa nini kamera imeshushwa, kwa nini mlango umefunguliwa kwa ndani, kwa nini mwenzake anatakiwa kugeuka kabla ya kusema na si baada.

Siku moja tulipiga tukio la mwisho asubuhi na tukio linalolitangulia siku tatu baadaye, kama ilivyo kawaida, kwa sababu filamu haipigwi kwa mpangilio wa hadithi. Katika tukio la mwisho nilikuwa nimeshika kikombe kwa mkono wa kulia. Siku ile ya pili nikakishika kwa kushoto, na mwongozaji, ambaye simtaji, hakuona. Alichoniambia ni nilie kwa nguvu zaidi. Aliyeona ni mama mmoja mwigizaji mkongwe aliyekuwa pembeni amejifunika shuka la baridi, hata hayumo kwenye tukio lenyewe. Alisema kwa sauti ya chini tu, mwanangu, kikombe. Laiti asingesema, tungelazimika kulirudia jambo lote au kukata pale ambapo hapakufaa kukatwa. Mama yule alikuwa ameibeba filamu nzima kichwani, ile iliyokwisha kupigwa na ile ambayo bado, na hakuna aliyewahi kumwuliza kama angependa kuongoza. Tangu siku hiyo siamini kwamba uongozaji ni elimu inayoanza pale uigizaji unapoishia.

Turudi Ufini. Baada ya Ikonen, mwigizaji mwingine wa kike aliyeshika uongozaji wa filamu ndefu ni Ritva Arvelo, aliyezaliwa mwaka 1921 na kufariki mwaka 2013, na ambaye mbali na kuigiza alikuwa pia mchezaji wa dansi. Mwaka 1961 aliongoza Kultainen vasikka, kutokana na mchezo wa Maria Jotuni wa mwaka 1918 unaowacheka watu waliotajirika ghafla kwa magendo na bei za vita. Mtu aliyezoea dansi hujua jinsi ya kuwapanga watu wengi ndani ya chumba kimoja bila kukanyagana, na mchezo wa Jotuni, wenye watu wanaoingia na kutoka na habari za fedha midomoni, unamtaka mwongozaji wa namna hiyo. Hata hivyo naye hakuongoza filamu nyingine ndefu. Safari hii, kwa haki, lazima tuseme kwamba mlango ulikuwa unawafungia watu wengi kwa pamoja. Televisheni ilikuwa imeingia majumbani mwishoni mwa miaka ya 1950, majumba ya sinema yakaanza kubaki na viti vitupu, waigizaji wakawa katika mgomo dhidi ya makampuni ya filamu kuanzia mwaka 1963 hadi 1965, na mwaka huohuo wa 1965 Suomen Filmiteollisuus, iliyokuwa imetengeneza filamu zaidi ya 200, ikafilisika. Arvelo alifika sokoni jioni, wachuuzi wakikunja majamvi.

Wapo pia wale ambao majina yao hayakufika hata kwenye kiti hicho, ingawa mikono yao imo ndani ya kazi. Regina Linnanheimo, uso uliojulikana sana wa filamu za mwongozaji Teuvo Tulio, aliandika miswada ya baadhi ya filamu hizo alizoziigiza. Mirjami Kuosmanen aliandika mswada wa Valkoinen peura pamoja na mumewe Erik Blomberg, na yeye mwenyewe akaigiza nafasi ya Pirita, bibi harusi wa Kisami, watu wa asili wa kaskazini ya mbali, anayekwenda kwa mganga kutafuta dawa ya mapenzi, akatoa kafara ya reindia mdogo mweupe, yaani mnyama wa jamii ya kulungu anayefugwa katika nchi za baridi, kisha akawa yeye mwenyewe anageuka reindia mweupe anayewavuta wawindaji kwenye maangamizi. Blomberg aliongoza na kushika kamera. Filamu ilitoka mwaka 1952 na mwaka uliofuata ikatuzwa katika tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, na jopo lililoongozwa na msanii Mfaransa Jean Cocteau. Ukiitazama, utaona maili na maili za theluji zisizo na mti, na katikati yake uso wa mwanamke ambaye anajua kuliko watazamaji wote jambo gani linakuja, kwa sababu alisaidia kuliandika. Sisemi kwamba Blomberg alimnyang'anya mkewe kitu. Nasema tu kwamba mwandishi wa makala angeweza kupata mifano zaidi kama angesoma majina yote yanayopita mwishoni mwa filamu badala ya kutazama jina moja la juu.

Sasa kuhusu ule mfuko wa fedha. Makala ilichanganya kidogo mwongozaji na mtayarishaji, kosa ambalo wengi tunalifanya kwa kuwa katika maongezi ya kawaida wote wawili huitwa wenye filamu. Mwongozaji huamua filamu itaonekanaje; mtayarishaji huamua kama itakuwepo. Yeye ndiye anayeutafuta mswada, anayezikusanya fedha, anayewaajiri watu, na ndiye anayesema mwisho wa yote nani atapewa kazi tena. Katika zama za makampuni makubwa, Ufini ilikuwa na watu wachache mno wenye mamlaka hayo. Kwenye Suomen Filmiteollisuus alikuwa Särkkä, na Särkkä mwenyewe alipenda kuongoza, kwa hiyo kila filamu aliyompa mtu mwingine ilikuwa filamu aliyojinyima. Ikonen alikuwa na thamani kubwa kwake mbele ya kamera. Mfanyabiashara mwenye ng'ombe anayetoa maziwa mengi hamtii kwenye plau. Natumaini wasomaji wa kike watanisamehe mfano huo; naamini ndivyo hesabu ilivyofanywa, kwa lugha ya heshima zaidi.

Hesabu hiyo ilibadilika pale fedha zilipobadilisha mikono. Mwaka 1969 ulianzishwa Suomen elokuvasäätiö, mfuko wa filamu wa Ufini, ambao kwa miongo mingi ulilishwa na mapato ya bahati nasibu ya taifa. Makampuni madogo ya utayarishaji yakaweza kupeleka maombi ya fedha za kuandika mswada, kisha za maandalizi, kisha za kupiga filamu yenyewe, na mtu aliyekataliwa leo akaweza kurudi kesho na mradi mwingine, kwa kampuni nyingine. Hapakuwa tena na bwana mmoja wa kumpendeza. Wanawake wa kwanza kunufaika hawakutoka kwenye uigizaji. Walitoka kwenye masomo ya filamu, kama Pirjo Honkasalo, aliyeongoza Tulipää pamoja na Pekka Lehto mwaka 1980. Waigizaji wenzangu walifuata baadaye, na walipofika, walikuja kwa njia iliyo tofauti na ya Leppänen na Ikonen. Hawakuishia kwenye filamu moja.

Chukua Tiina Lymi, mzaliwa wa Tampere, mwaka 1971. Watu walimfahamu kwa Akvaariorakkaus ya mwaka 1993, akiwa kijana, katika nafasi kuu. Alikaa mbele ya kamera zaidi ya miaka ishirini kabla ya kuongoza Äkkilähtö mwaka 2016. Mwaka 2017 ikaja Napapiirin sankarit 3, mwaka 2018 Ilosia aikoja, Mielensäpahoittaja, zote mbili zikiwa ni kurithi vyungu vilivyokwisha kuinjikwa na wanaume, vichekesho ambavyo watazamaji walishavizoea. Mtu angeweza kubaki hapo akila kwa raha. Badala yake Lymi aliandika na kuongoza Myrskyluodon Maija, iliyotoka mwaka 2024, kutokana na riwaya za Anni Blomqvist, mwandishi wa visiwa vya Åland. Filamu hiyo inazidi saa mbili na nusu, inazungumzwa kwa Kiswidi, lugha ya visiwa vile, na inahusu msichana wa karne ya 19 aliyeozwa kwa mpango wa wazazi na kupelekwa na mumewe kuishi kwenye mwamba mtupu wa mbali baharini, ambako nyumba yenyewe wanapaswa kuijenga kwa mikono yao. Hadithi hiyohiyo ilishafanywa mfululizo wa televisheni mwaka 1976 na Åke Lindman, yule mwanasoka niliyemtaja.

Nilichokipenda katika kazi ya Lymi ni subira yake kwa uso wa mwigizaji. Maja, ndiye yule msichana, anayechezwa na Amanda Jansson, mara nyingi haambiwi aseme kitu. Anasimama, upepo unampiga, mashua ya mumewe inapungua hadi kuwa nukta, na kamera inabaki naye muda mrefu kuliko ambavyo mtu wa haraka angeruhusu. Ni mwigizaji tu anayejua ni mambo mangapi yanaweza kupita usoni katika sekunde kumi za ziada, na ni mwigizaji tu anayekumbuka ni mara ngapi sekunde hizo alizitoa kwa moyo wote na mhariri wa picha akazitupa.

Mwingine ni Pamela Tola, aliyezaliwa mwaka 1981. Hapa kuna jambo la kuchekesha ambalo nashangaa makala haikuligundua. Mwaka 2010 Tola aliigiza katika ile Napapiirin sankarit ya kwanza, iliyoongozwa na Dome Karukoski. Hadithi yenyewe ni ya kijana mvivu wa Lapland, kaskazini mwa Ufini, ambaye alipewa pesa na mchumba wake akanunue king'amuzi cha televisheni, akazinywea, na sasa ana usiku mmoja tu wa kukipata king'amuzi hicho la sivyo anaachwa. Vijana watatu wanapata safari, baridi, mikasa na vicheko vyote. Mchumba, ambaye ndiye Tola, anapata kungoja nyumbani.

Miaka kumi baadaye Tola, akiwa ameshaongoza Swingers mwaka 2018, alitoa Teräsleidit. Bibi mmoja wa miaka 75 anampiga mumewe kwa kikaango, anaamini amemuua, na badala ya kwenda polisi anawachukua dada zake wawili, wanaingia kwenye gari na kushika barabara. Waigizaji ni Leena Uotila, Seela Sella na Saara Pakkasvirta, na Sella, aliyezaliwa mwaka 1936, alikuwa ameshavuka miaka themanini. Safari, mikasa na vicheko safari hii ni vya bibi watatu, na wanaume ndio wanaoachwa nyuma, mmoja wao sakafuni. Sijui kama Tola alikusudia kulijibu lile lango la nyumba aliloachwa akilinda mwaka 2010, na sitamwekea maneno mdomoni, ila nikizitazama filamu hizo mbili mfululizo siwezi kujizuia kucheka. Waigizaji wa kike wa umri ule kwa kawaida hupewa kiti karibu na dirisha na sentensi mbili za busara. Tola aliwapa usukani.

Makala iliwaita Lymi na Tola wanawake waliobahatika. Sitabishana sana, mfuko uliolishwa na bahati nasibu lazima uwe na bahati kidogo ndani yake. Lakini bahati yao, kama ni bahati, ilikuwa ya kupewa filamu ya pili, na ya tatu, na nafasi ya kukosea na kurudi. Leppänen alipata moja. Ikonen moja. Arvelo moja. Hatuwezi kujua filamu ya nne ya Ansa Ikonen ingekuwaje, kwa kuwa filamu ya nne hupikwa ndani ya ya pili na ya tatu, na Tuntematon sotilas haikuwa filamu ya kwanza ya Edvin Laine, wala ya pili, wala ya tatu.

Kwa hiyo ninalo ombi moja dogo, Ndugu Mhariri, ambalo halihitaji makala mpya. Katika toleo lijalo, kwenye ile kona yenu ya masahihisho, naomba mwandike kwamba Ansa Ikonen aliongoza filamu ya Nainen on valttia mwaka 1944. Haitazidi mistari miwili ya safu yenu.

Wako,
Msomaji wenu wa kila wiki